Kiwanda Kikiondoka, Timu Itabaki kwa Nani?

Kwenye kijiwe cha kahawa ninachokaa kila Jumamosi asubuhi kuna tofauti ndogo ya maneno ambayo niliisikia kwa miaka mingi kabla ya kuielewa. Shabiki wa Yanga akisimulia usajili husema, "Tumemchukua winga mzuri." Wa Simba akifungwa husema, "Tumejimaliza wenyewe." Mazungumzo yakifika kwa Azam, timu ya kampuni ya Bakhresa, hata kijana aliyevaa jezi yake husema, "Bakhresa ameleta kocha mpya." Yakifika kwa Mtibwa Sugar au Kagera Sugar utasikia, "Mwaka huu kiwanda hakijatoa hela." Mpira ni uleule, ila nafsi imehama. "Sisi" imeondoka, "yeye" na "wao" wamekaa mahali pake.

Zamani nilidhani ni suala la ukubwa wa timu tu. Sivyo. Mtibwa ilikuwa bingwa wa Tanzania Bara mwaka 1999, ikarudia mwaka 2000, ikitokea Manungu, Turiani, katikati ya mashamba ya miwa ya Mvomero. Azam ilitwaa ubingwa wa msimu wa 2013/14 bila kupoteza mchezo hata mmoja. Makombe yapo, wachezaji wapo, viwanja vipo. Asiyekuwepo ni mtu wa kawaida mwenye haki ya kusema "timu yetu" na mwenye kitu mkononi cha kuthibitisha kauli yake.

Msimamo wangu ni huu. Timu inayozaliwa na kiwanda ni neema, na soka letu lingekuwa fukara zaidi bila viwanda. Lakini timu ya namna hiyo haina budi kuanza kuhamia, angalau kwa sehemu, mikononi mwa watu wanaoishi jirani nayo. Na ihame wakati kiwanda kiko hai na kina nguvu, kwa sababu siku kiwanda kikianza kuyumba hakuna atakayekuwa na nafasi ya kuwakumbuka mashabiki.

Majina yaliyofutika kwenye msimamo

Mwenye umri wa kutosha na akumbuke ligi yetu ya miaka ya 1980 na mwanzoni mwa 1990, ayataje majina kwa sauti. Reli ya Morogoro. Bandari ya Mtwara. Pamba ya Mwanza. Ushirika ya Moshi. CDA ya Dodoma. Mecco ya Mbeya. RTC Kagera. Sigara ya Dar es Salaam. Ni kama unasoma uchumi wa nchi nzima: treni, bandari, zao la biashara, vyama vya wakulima, ujenzi, maduka ya serikali, kiwanda cha sigara. Kila jina lilikuwa na ofisi, na kila ofisi ilikuwa na dirisha la mishahara.

Mchezaji wa enzi hizo alikuwa mwajiriwa. Asubuhi karani au fundi, jioni kiungo mkabaji. Mpira haukumtajirisha, ila ulimpa ajira, na ajira ikampa chumba cha kuishi, matibabu ya mke na watoto, na kiinua mgongo uzeeni. Tunapowacheka wazee kwa kuchezea "mshahara wa karani" tunasahau kwamba karani yule alipovunjika goti hakutupwa nje. Alirudi mezani kwake.

Mjomba wangu alikuwa mmoja wao. Alicheza beki wa kushoto katika timu ya shirika moja la umma, na nyumba aliyoishi na ndugu zake ilikuwa ya shirika. Kwa mama yangu na wadogo zake, goli la timu ile lilikuwa na maana ambayo mtu wa kijiweni hawezi kuielewa. Timu ikifanya vizuri, mkurugenzi anafurahi, na mjomba anaendelea kuwa kazini. Shirika lilipouzwa, timu ilivunjwa kwa barua ya ukurasa mmoja iliyobandikwa getini. Mjomba alikuwa ameijua timu ile kwa miaka 11, lakini barua haikumtaja yeye wala mwenzake yeyote. Ilitaja basi la timu, kwa sababu basi lilikuwa mali na lilipaswa kukabidhiwa.

Hayo yalitokea sehemu nyingi. Mwaka 1992 serikali iliunda tume ya kurekebisha mashirika ya umma, na miaka iliyofuata viwanda na mashirika yakaanza kubadilisha wamiliki. Mwekezaji alikuja na daftari. Ndani yake timu ya mpira ilikaa safu moja na mafuta ya jenereta: gharama. Je, tumlaumu? Alinunua mashine, hakununua Jumamosi za watu. Lawama ninaipeleka kwetu, tulioacha mashine na Jumamosi viandikwe kwenye hati moja.

Pamba walau imepata njia ya kurudi. Baada ya zaidi ya miaka 20 nje ya Ligi Kuu ilirejea msimu wa 2024/25 kwa jina la Pamba Jiji, chini ya Halmashauri ya Jiji la Mwanza. Jina la zao limebaki, mlezi ni mwingine. Nyingi kati ya zile nyingine hazikupata mlezi.

Mji wa Peugeot

Ili nisionekane ninalia na historia yetu peke yetu, nimpeleke msomaji mashariki ya Ufaransa, karibu na mpaka wa Uswisi, kwenye mji mdogo uitwao Sochaux. Huko ndiko yalikotoka magari ambayo wazazi wetu waliyaita Pijo. Peugeot 404 na 504 hazihitaji utambulisho katika Afrika Mashariki. Zilibeba mabosi, zikabeba abiria wa mikoani, zikashinda mbio za Safari Rally mara kadhaa, kuanzia 404 mwaka 1963 hadi 504 mwaka 1975 na tena 1978. Wachache kati yetu walijua kwamba gari lile lilikuwa na ndugu mwenye jezi za njano na buluu.

Mwaka 1928, Jean-Pierre Peugeot alianzisha timu ya mpira ya kiwanda chake. Kwa kanuni za Ufaransa za wakati ule mpira ulikuwa wa ridhaa, na timu zilizolipa wachezaji zilifanya hivyo kwa kificho. Peugeot alikataa kificho. Alitaka wachezaji bora na akataka ijulikane kwamba wanalipwa. Msimu wa 1930/31 kiwanda kikaandaa mashindano yake, Kombe la Sochaux, kikazialika timu kubwa za nchi, na Sochaux wenyewe wakalichukua kwa kuifunga Lyon mabao 6 kwa 1 katika fainali. Mwaka 1932 Ufaransa ikawa na ligi yake ya kwanza ya kulipwa. Kwa hiyo mtu akikuambia kwamba timu ya kiwanda ni timu ya daraja la chini kwa asili, mwambie kwamba ligi ya kulipwa ya Ufaransa ilisukumwa izaliwe na watengeneza magari. Sochaux ilikuwa bingwa mwaka 1935 na 1938, na kati yake ikachukua Kombe la Ufaransa mwaka 1937.

Uwanja wao upo pembeni ya kiwanda. Unaitwa Auguste Bonal, jina la mkurugenzi wa michezo wa klabu aliyeuawa na Wanazi mwaka 1945. Nalipenda jina hilo kuliko kombe lolote walilopata. Wangeweza kuuita kwa jina la tajiri, au kwa jina la gari. Waliuita kwa jina la mtu wao.

Mwaka 1974 klabu ikafungua kituo cha kulea vijana, na hapo ndipo ukubwa wake halisi ulipojengeka. Mwaka 1981 Sochaux ilicheza nusu fainali ya Kombe la UEFA. Ibrahima Konaté na Marcus Thuram, ambao leo dunia inawajua, walipita kwenye kituo kile. Ukiona vyaelea, vimeundwa.

Sitaki kuupamba mji ule kupita kiasi. Juni 11, 1968, polisi waliingia kiwandani humo kuvunja mgomo, na wafanyakazi 2 wakafa. Mwajiri aliyewapa watu timu ndiye huyohuyo waliyekuwa wakimgomea. Maisha ya mji wa kiwanda ndivyo yalivyo: mkono unaokulisha ndio unaokubana, na Jumamosi unakaa jukwaani unaushangilia. Mwishoni mwa miaka ya 1970 kiwanda kile kilikuwa na wafanyakazi karibu 40,000. Hebu fikiria Jumamosi moja ya mechi katika mji wa namna hiyo, ambapo mfungaji wa goli analipwa na mtu yuleyule anayemlipa baba yako.

Siku simba wa Peugeot alipouzwa

Mwaka 2007 Sochaux waliifunga Marseille kwa mikwaju ya penalti na kutwaa tena Kombe la Ufaransa, miaka 70 baada ya lile la kwanza. Miaka 7 baadaye walishuka daraja. Wakati huohuo kampuni mama ilikuwa taabani. Mwaka 2014 serikali ya Ufaransa na kampuni ya Dongfeng ya China ziliingiza fedha kuiokoa, na familia ya Peugeot ikapoteza usukani iliokuwa nao kwa vizazi. Kampuni inayopigania uhai haiweki timu ya mpira mbele. Mwaka 2015 klabu iliuzwa kwa yuro milioni 7 kwa kampuni ya taa ya Hong Kong.

Yuro milioni 7! Kwa bei za soka la Ulaya hiyo ni thamani ya beki mmoja wa kawaida, na kwa bei hiyo walitoa miaka 87 ya historia.

Yaliyofuata wengi wetu tungeweza kuyatabiri. Mwenye taa alishindwa. Usimamizi ukawekwa mikononi mwa kundi la Kihispania linalomiliki Alavés. Hilo nalo likaondoka. Mwaka 2020 klabu ikawa ya kampuni nyingine ya China, Nenking. Majira ya joto ya 2023 fedha zilikauka, wasimamizi wa hesabu za klabu za Ufaransa wakaziangalia hesabu zake, na timu iliyosaidia kuizaa ligi ya kulipwa ikatolewa katika daraja la pili. Ilibaki hatua moja tu ifutike kabisa, wachezaji watawanyike, na uwanja wa Bonal ubaki majani.

Ndipo neno "yetu" likafanya kazi. Rais wa zamani wa klabu, Jean-Claude Plessis, alikusanya wafanyabiashara wa eneo lile. Mashabiki wa kawaida, kupitia chama chao kiitwacho Sociochaux, walichanga fedha zao mifukoni, maelfu ya watu, wengine kiasi cha bei ya tiketi chache tu. Klabu ikapona na kuanza upya daraja la 3, na mashabiki wale wakawa na hisa ndani yake. Baada ya karibu karne moja, mtoto wa fundi wa Peugeot akawa mmoja wa wenye timu aliyokuwa akiishangilia baba yake.

Kinachoniuma katika hadithi hii ni kwamba walisubiri mpaka shimo la kaburi limechimbwa. Kama hisa zile wangepewa mwaka 2007, wakati kombe liko kabatini, huenda klabu isingepita kwenye mikono ya wageni 3 ndani ya miaka 8.

Wajerumani wana mfano wao. Mwaka 1903 mfanyakazi wa kiwanda cha dawa cha Bayer, Wilhelm Hauschild, alimwandikia mwajiri barua yenye sahihi za wenzake 170 wakiomba wasaidiwe kuanzisha klabu ya michezo. Mwaka 1904 klabu ikazaliwa. Mwaka 2024 Bayer Leverkusen ikawa bingwa wa Ujerumani bila kufungwa, kama Azam ilivyofanya kwetu miaka 10 kabla. Huko sheria ya soka inataka wanachama wawe na kura nyingi katika klabu, na Leverkusen ni miongoni mwa chache zilizoruhusiwa kuwa nje ya sheria hiyo kwa sababu ya umri wa uhusiano wake na kiwanda. Mpaka hapa bahati imewabeba: kiwanda bado kizima. Mimi siwezi kushauri mtu apange nyumba yake kwa kutegemea bahati ya Leverkusen.

"Sasa nani atalipa mishahara?"

Najua jibu nitakalopewa kijiweni, maana nimeshapewa. Mashabiki wa Turiani hawana hela. Kiingilio cha mechi hakilipi hata hoteli ya timu. Hata Simba na Yanga, zenye wanachama nchi nzima, zinawategemea matajiri. Ukimwondoa mwenye kiwanda, si utakuwa umeua timu mwenyewe kabla ya wakati?

Hoja hii ina nguvu na sitaikwepa. Kiwanda ndicho kinacholipa kocha, kinachopeleka mchezaji hospitali, kinachoweka basi barabarani kwenda Bukoba na Mbeya. Mtibwa ilimlea Shiza Kichuya kabla Simba haijamchukua mwaka 2016, na ikampa Mecky Mexime nafasi ya kuwa mchezaji na baadaye kocha. Hakuna harambee ya mtaani ingefanya hivyo kwa miaka yote hiyo. Azam imejenga uwanja wake Chamazi, jambo ambalo klabu zetu kongwe zimeliota tangu nikiwa mtoto.

Lakini sijasema kiwanda kiondoke. Nimesema kisibaki peke yake. Tulipokuwa tunabishana kuhusu Simba, nchi nzima ilijifunza hesabu ya 51 kwa 49: wanachama wabaki na sehemu kubwa, mwekezaji achukue iliyobaki. Magazeti yalijaa, vijiwe vilichemka. Nani aliuliza hesabu ya Mtibwa? Nani aliuliza ya Kagera Sugar? Hatukuuliza kwa sababu tulishakubali kimoyomoyo kwamba zile ni mali za watu. Nguo ya kuazima haisitiri matako, na sisi tumekubali kuivaa kila mwisho wa wiki.

Gharama ya ukimya huo inaonekana. Mtibwa ilitwaa Kombe la Shirikisho mwaka 2018, ikaifunga Singida United 3 kwa 2 pale Arusha. Mwaka 2024 ikashuka daraja. Msimu mmoja baadaye Mtibwa ikapanda tena, na Kagera Sugar ikashuka. Kushuka ni sehemu ya mchezo, sina ugomvi nako. Ninachouliza ni hiki: timu iliposhuka, ni mtu gani wa Turiani au Bukoba aliyekuwa na haki ya kuitisha kikao na kuuliza kwa nini?

Na wanaoumia wapo, hata kama hawana kadi. Simba au Yanga ikija mji mdogo, gesti hujaa tangu usiku wa kuamkia mechi. Mama lishe anayepika kilo 10 za mchele anapika 40. Bodaboda wanalala wamechoka na wana hela ya ada. Binti anayeuza maji ya kandoro uwanjani anapata kwa saa 2 alichozoea kupata kwa wiki. Timu ikishuka, wageni wa namna hiyo hawaji. Mwenye kiwanda ataendelea kuuza sukari, hata isipokuwepo mechi. Mama lishe hana bidhaa ya pili.

Manungu na Chamazi

Hatua zenyewe ninazozitaka si kubwa, na hazihitaji kusubiri sheria mpya.

Kwanza timu itenganishwe na kiwanda katika hati. Iwe kampuni yake, yenye akaunti na vitabu vyake, ili siku kiwanda kikibadilisha mmiliki timu isipakiwe pamoja na matrekta. Mali bila daftari huisha bila habari, na timu nyingi za zamani ziliisha namna hiyo, bila hata mtu kujua zilikuwa na nini. Uwanja na kituo cha vijana viandikwe kwa jina la timu. Sochaux ilipozama, kituo cha vijana kilikuwa miongoni mwa vitu vilivyowafanya watu waone kwamba kuna kitu cha kuokoa.

Kisha zitengwe hisa za wakazi. Nikitaja Turiani nina maana ya wakata miwa, wafanyakazi wa kiwanda, walimu, wenye maduka, na wale wakulima wa nje wanaokipelekea kiwanda miwa yao. Na hapa naomba nieleweke vizuri: wakulima wale wasikatwe hata senti kwenye malipo ya miwa. Makato wanayo ya kutosha. Hisa iwe ya hiari, bei yake iwe ya mtu wa kawaida, na mwenye nazo awe na sauti ya kumchagua hata mjumbe mmoja wa bodi. Mjumbe mmoja anayekaa mezani na wakurugenzi akitokea mtaani anaweza kuuliza swali ambalo mwajiriwa hathubutu.

Chamazi hali ni tofauti kidogo, kwa sababu Azam haina mji wa miwa unaoizunguka, ina jiji. Lakini timu hiyo ilianza mwaka 2004 kama timu ya wafanyakazi. Ingeanza na hao. Mfanyakazi wa kinu cha unga aliyetumika miaka 20 akipewa hisa chache za timu siku anayostaafu, pamoja na kiinua mgongo chake, ataingia Chamazi akiwa na wajukuu na atakuwa na kitu cha kuwaonyesha.

Mjomba wangu alibakiwa na jezi moja na kitambulisho cha kazi chenye picha iliyofifia. Shirika halipo, na watoto wake wakimuuliza alichezea timu gani inabidi kwanza awaeleze shirika lilikuwa linafanya nini. Ninawafikiria vijana wanaofanya mazoezi Manungu jioni hii. Msimu wa kuvuna miwa huanza katikati ya mwaka, wakati ligi imesimama, na huo ndio wakati watu wa Turiani wana nafasi na wana fedha kidogo. Mkutano mkuu wa kwanza wa wenye hisa unaweza kufanyika hapo uwanjani, kwenye nyasi, Jumamosi alasiri, na ajenda ya kwanza iwe mapato na matumizi ya msimu uliopita.